Kupatana rufaa ikiwa Mahakama Kuu: aondoe rufaa, au tusajili makubaliano?

Muuza_Saruji
Wakuu, naomba mwongozo. Ni shauri la mkataba wa mauzo ya saruji, Tanzania Bara. Mahakama ya Wilaya iliamuru mnunuzi anilipe 48,000,000/= pamoja na gharama. Akakata rufaa Mahakama Kuu, bado haijasikilizwa. Sasa anataka tupatane: 36,000,000/= kwa awamu sita za kila mwezi. Je, aondoe rufaa tu kisha tuandikiane wenyewe? Na akiacha kulipa katikati?

Ndugu_Jalada
Mkuu, msiandikiane pembeni. Rufaa ikiondolewa, tuzo (amri rasmi inayotokana na hukumu) ya Wilaya inabaki palepale kwa 48,000,000/=, na karatasi yenu inakuwa mkataba mwingine kabisa. Halafu kuna Amri ya XXI kanuni ya 2 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33: malipo ya nje ya mahakama yasiyothibitishwa au kurekodiwa hayatambuliwi na mahakama inayokazia hukumu, yaani inayoitekeleza. Wakili wa mwenzako akiliona hilo atamzuia kutoa hata senti. Na wewe ukija kukazia ile ya zamani, mtaanza ugomvi mpya kuhusu nani alivunja makubaliano.

Njia salama ni Amri ya XXIII kanuni ya 3. Mnaandika hati ya suluhu, mnasaini wote wawili na mawakili wenu, mnaiwasilisha kwenye jalada la rufaa na kuomba irekodiwe. Jaji akiridhika kwamba ni halali na kila upande umeridhia, anatoa tuzo kwa masharti hayo. Tuzo ya ridhaa haikatiwi rufaa, kwa hiyo someni kila mstari kabla ya kusaini.

Mama_Mikataba
Naongezea kwenye uandishi, maana hapo ndipo suluhu nyingi zinapoharibikia. "Atalipa kwa awamu" haitoshi. Weka 6,000,000/= kila awamu, tarehe kamili, na akaunti ya kupokelea. Sema wazi kama riba na gharama za mahakama zote mbili zimo ndani ya 36,000,000/= au zimesamehewa. Tamka pia kwamba tuzo hii inachukua nafasi ya ile ya Wilaya.

Kuhusu kuacha kulipa: usiandike "akichelewa atatozwa faini ya 12,000,000/=". Atakimbilia kifungu cha 74 cha Sheria ya Mikataba, na mahakama itakupa fidia inayofaa tu, hata chini ya ulichoandika. Andika hivi: mdaiwa anakiri deni la 48,000,000/=; mdai anakubali kupokea 36,000,000/= kumaliza deni lote iwapo kila awamu italipwa kwa tarehe yake; awamu moja ikipita siku 14 bila kulipwa, punguzo linakufa na salio la deni lililokiriwa linadaiwa mara moja, ukitoa kilichokwishalipwa. Hapo hakuna adhabu, kuna msamaha wenye sharti. Tofauti hiyo ni kubwa sana.

Kama mnunuzi ni kampuni, dai azimio la bodi linalomtaja atakayesaini. Suluhu iliyosainiwa na mtu asiye na idhini inaweza kushambuliwa baadaye, sawa na iliyopatikana kwa ulaghai.

Muuza_Saruji
Asante sana dada. Anataka pia tuweke humo kwamba nitamuuzia saruji mwaka mzima kwa bei ya zamani. Na nilishaomba kukazia hukumu, dalali wa mahakama (anayekamata na kuuza mali ya mdaiwa) ameshateuliwa.

Ndugu_Jalada
Ya saruji iondoe. Tuzo hubeba yale tu yanayohusu shauri lililo mbele ya mahakama. Ahadi ya biashara mpya ikiwemo humo, hutaikazia wala yeye hataikazia. Fanyeni mkataba wake peke yake.

Ya dalali ni ya haraka. Kukata rufaa peke yake hakusimamishi utekelezaji, na mazungumzo yenu hayamzuii dalali kukamata mali. Ijulishe mahakama inayokazia hukumu kwa maandishi leo, omba utekelezaji usitishwe hadi suluhu irekodiwe, na hati iseme nani atamlipa dalali kwa kazi aliyokwisha kufanya. Hicho kipengele husahaulika, kisha kinavunja suluhu nzima.

Mkishapata tuzo ya Mahakama Kuu na mwenzako akikwama, maombi ya kukazia unayapeleka kule kule Wilaya lilikoanzia shauri, ukiambatisha nakala iliyothibitishwa. Na kila awamu ikilipwa, wasilisha uthibitisho uingie kwenye jalada.