Programu ya kufuatilia kompyuta za ofisi: niifiche au niwaambie wafanyakazi?

wakala_msa: Asalaam aleikum. Ofisi yetu ya uwakala wa forodha iko karibu na Moi Avenue, Mombasa, kompyuta 8, Windows 11 Pro. Bei tunazowapa wateja zinavuja. Nataka programu ya kupiga picha za skrini na kurekodi kila herufi inayochapwa, bila wafanyakazi kujua. Hatari yake ni nini?

fundi_ganjoni: Waaleikum salaam. Kurekodi herufi, acha kabisa. Programu hiyo haichagui: itazoa paswadi za iCMS (mfumo wa forodha wa KRA), za benki, hata za barua pepe za watu binafsi, na kuzirundika pamoja. Atakayeziiba ataweza kuwasilisha entri kwa jina la kampuni yako. Tena antivairasi huzinasa programu hizi, wenye ofisi wakaizima ili zifanye kazi, na virusi halisi vikapita hapo hapo.

Picha moja kila dakika 5 kwa saa 8 ni picha 96. Kwa kompyuta 8 ni 768 kila siku. Nani atakaa kuzitazama?

mshauri_data: Na usiwafiche. Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inataka mtu aambiwe kinachokusanywa na sababu yake. Data ikivuja kwa namna inayoweza kumdhuru mtu, Kamishna wa Data aarifiwe ndani ya saa 72.

fundi_ganjoni: Ndugu, kinachovuja ni faili, basi fuatilia faili. Kwenye kompyuta inayohifadhi folda ya bei, fungua secpol.msc (mipangilio ya usalama ya Windows), Local Policies, Audit Policy, kisha Audit object access, uweke alama kwenye Success. Halafu bofya kulia folda: Properties, Security, Advanced, Auditing, uongeze wafanyakazi. Kila faili ikifunguliwa, Event Viewer, yaani kumbukumbu ya matukio ya Windows, itaandika tukio namba 4663: akaunti gani, saa ngapi. Kumbukumbu hiyo huanza na MB 20 tu, ikijaa inafuta ya zamani, kwa hivyo ipandishe hadi MB 200. Anayepiga skrini picha kwa simu hutamwona; ndiyo maana folda ifunguliwe na wanaoihitaji tu.

wakala_msa: Wote huingia kwa akaunti moja.

fundi_ganjoni: Basi anzia hapo, maana 4663 itakutajia jina lile lile kila mara. Kila mtu na akaunti yake, na isiwe ya Administrator, asije akafuta kumbukumbu. Ukiona tukio 1102, jua imefutwa.