Nimelipia mtihani usahihishwe upya, mwezi wa tano huu ni kimya

Habari wakuu. Januari nililipa ada karatasi yangu ya takwimu isahihishwe upya, chuo cha umma hapa Kenya. Nina risiti tu, na wino umeanza kufifia. Karani wa idara wimbo wake ni mmoja: "Rudi Jumatatu." Orodha ya mahafali inafungwa mwezi ujao. Sheria itanisaidia?

Jibu: Itakusaidia, dadangu, ila si kwa maneno ya dirishani. Kifungu cha 47 cha Katiba kinadai uamuzi usiocheleweshwa. Mwandikie msajili wa taaluma, taja tarehe ya risiti, wape siku 14, nakala yako igongwe muhuri. Mimi nilisahau muhuri. Barua yangu ilikanwa mchana kweupe.

Jibu: Usikimbilie Mahakama Kuu. Kwa sheria ya 2015 ya uamuzi wa haki wa kiutawala, kwa kawaida unamaliza rufaa za chuoni kwanza. Tena jaji hasahihishi mtihani, anaamuru tu chuo kifanye kazi yake.

Jibu: Mpelekee Ombudsman, yaani tume ya kupokea malalamiko dhidi ya ofisi za umma, malalamiko yako, ni bure. Omba pia chuo kikupe rekodi zako kwa sheria ya kupata habari ya 2016. Chuo kina siku 21 kujibu.

Muulizaji: Asanteni. Naenda kutoa fotokopi ya risiti kabla haijawa nyeupe pepepe.