Tupeane uzoefu: kinga ya radi kwenye nyumba na shule za bati

Mleta mada
Wakuu, kila masika uzi wa radi hujaa visa vya nani kapigwa wapi. Safari hii leteni kazi: vipimo, vifaa, kinachoharibika na kwa nini. Wa kanda ya Ziwa na Kivu msikae kimya, maana Kabare huko Kivu Kusini ni kati ya sehemu zinazopigwa radi zaidi duniani.

Mwalimu wa Fizikia
Hewa kavu huzuia umeme mpaka ubanwe na volti kama milioni 3 kwa mita. Ikishindwa, elektroni zinang'oka kwenye nitrojeni na oksijeni, hewa inakuwa plazima na kuanza kupitisha umeme. Njia ya radi ina upana wa sentimita chache tu, ila joto hufika nyuzi 30,000 hivi, mara tano ya uso wa jua. Hewa ya pembeni inatanuka ghafla, ndiyo ngurumo unayosikia. Mkondo wa kawaida ni ampea 30,000, na unapanda ndani ya maikrosekunde chache (maikrosekunde ni sehemu moja ya milioni ya sekunde). Fundi aukariri huo mpando kuliko volti.

Fundi Erthi
Mwalimu kamaliza. Waya wowote, ukiwemo huu wa kuteremsha radi kutoka paani hadi ardhini, una indaktansi (tabia ya kupinga mkondo unaobadilika ghafla) ya maikrohenri 1 hivi kwa mita. Mkondo ukipanda ampea 10,000 kwa maikrosekunde, kila mita inabeba volti 10,000 kati ya ncha zake, na kuongeza unene hakusaidii sana. Ndiyo maana waya uliopindishwa kuzunguka ukingo wa paa ni hatari: radi inaacha kona na kuruka hadi kwenye gata au nyaya za ndani. Uteremshe wima, kona ziwe pana. Shaba isipungue milimita 50 za mraba; utepe wa 25 × 3 mm unatosha kabisa.

Chini, gonga fimbo ya erthi (ya kumwaga mkondo ardhini) ya mita 1.2, uunge ya pili juu yake kama udongo unaruhusu. Fimbo za kando zitenganishwe walau kwa urefu wa fimbo moja, vizuri zaidi mbili. Lenga ukinzani wa omu 10 kushuka chini. Kupima kwa mita ya erthi: kigingi cha mkondo mita 30 kutoka kwenye fimbo, cha volti kwenye mita 18.5 hivi, mstari mmoja. Sogeza cha volti mita 2 mbele na nyuma. Namba ikiyumba sana, kigingi cha mkondo kiko karibu mno. Na usipime siku ya mvua ukafurahi, rudi kiangazi.

Mdau wa Kampala
Chumvi na mkaa mnavyovipenda kumwaga kwenye shimo la fimbo! Chumvi inaoshwa na mvua na kula shaba. Tumieni bentonaiti (udongo wa mfinyanzi unaoshika maji).

Fundi Erthi
Kweli kabisa. Na shaba isiguse bati moja kwa moja, zinki inaliwa. Weka kiunganishi cha metali mbili.

Mama Mjenzi
Bati lenyewe si kinga tosha?

Fundi Erthi
Dada, chuma kikiwa chini ya milimita 4 radi inaweza kukitoboa, na bati la geji 30 halifiki hata milimita 0.5. Bati likiwa juu ya miti bila njia ya kushuka, mkondo unajitafutia njia kupitia nguzo, ukuta au watu. Runyanya, Uganda, mwaka 2011, wanafunzi 18 na mwalimu wao walikufa darasani. Darasa la namna hiyo si kimbilio.

Mdau wa Kampala
Akipigwa mtu, mguseni, hana umeme. Moyo huweza kurudi wenyewe huku pumzi bado imesimama, kwa hiyo anzeni na anayeonekana amekufa: mikandamizo 30 ya kifua ya kina cha sentimita 5–6, kwa kasi ya 100–120 kwa dakika, kisha pumzi 2. Anayelia atasubiri.

Fundi Umeme
Nyongeza ya ndani ya nyumba. Kifaa cha kumeza mshindo wa volti unaoingia na radi kikifungwa kwenye meni swichi, nyaya zake zote mbili kwa jumla zisizidi nusu mita. Sababu ni ile ile hesabu ya volti kwa mita. Erthi ya radi, ya umeme na ya mnara wa simu ziunganishwe ziwe moja, la sivyo TV inakaa katikati ya erthi mbili zenye volti tofauti na inaungua hata radi ikipiga jirani. Kila baada ya dhoruba kagua kidirisha cha kifaa: kikigeuka chekundu, badilisha kabla ya mvua nyingine.