Baba amegundulika na glioblastoma (saratani kali ya ubongo): naomba mwongozo wenu

Kifungua Mimba
Baba yangu ana miaka 61. Kwa miezi miwili alikuwa akiumwa kichwa alfajiri na kupata nafuu akishatapika, nasi tukadhani ni shinikizo la damu. Baadaye tulimwona akifunga vifungo vya shati vikipishana bila yeye kugundua, na mtu aliyekuwa mpole akawa mkali kwa mambo madogo. Wiki iliyopita alianguka kifafa, na vipimo vimethibitisha glioblastoma. Dalili hizi zinatokana na nini, tiba ikoje, na, kwa ukweli kabisa, ataishi muda gani?

Muuguzi wa Saratani
Poleni sana. Fuvu la mtu mzima halitanuki, kwa hiyo uvimbe unapokua na maji yakajikusanya kuuzunguka, shinikizo hupanda, na huzidi mtu akiwa amejilaza. Ndiyo maana kichwa kilimuuma alfajiri. Ule ukali ni ugonjwa, si tabia yake, tafadhali msimlaumu. Dawa ya deksamethasoni hupunguza maji hayo na huweza kumpa unafuu ndani ya siku chache, lakini haiponyi. Anywe asubuhi kwa sababu hufukuza usingizi, apimwe sukari, na isikatishwe ghafla.

Upasuaji huondoa kiasi kinachoweza kuondolewa bila kumharibia usemi au viungo, lakini hauwezi kumaliza kila kitu, kwani seli za uvimbe huu hupenya ndani ya ubongo ulio mzima mbali na pale zinapoonekana kwenye picha. Kwa kawaida hufuata mionzi ya wiki sita pamoja na vidonge vya temozolomaidi, dawa ya kuua seli za saratani, kisha vidonge peke yake kwa miezi kadhaa. Katika utafiti uliochapishwa mwaka 2005, nusu ya waliopata mionzi peke yake waliishi zaidi ya miezi 12.1, na nusu ya walioongezewa vidonge waliishi zaidi ya miezi 14.6, lakini baada ya miaka miwili, waliokuwa hai walikuwa asilimia 10.4 dhidi ya 26.5. Tofauti hiyo ya pili ndiyo ninayowaomba muitazame. Ulizeni pia kuhusu kipimo cha jeni iitwayo MGMT, kwani jeni hiyo ikiwa imezimwa ndani ya uvimbe, vidonge hufanya kazi vizuri zaidi.

Binti Aliyeuguza
Mama yangu aliishi miezi 19. Picha ya kwanza baada ya mionzi ilionyesha uvimbe umeongezeka, tukalia nyumba nzima. Daktari akatueleza kwamba mionzi yenyewe huweza kuvimbisha sehemu hiyo katika miezi ya mwanzo, na kweli picha iliyofuata ilionyesha umepungua. Kifafa kikirudi, mlazeni ubavu, msimtie kitu mdomoni, na mtazame saa: kikipita dakika tano, ni dharura.

Ombeni tiba shufaa, yaani huduma ya kumpunguzia mgonjwa maumivu na mateso, tangu sasa, msisubiri mwisho. Na muulizeni baba anataka nini angali anaweza kujieleza, kwa sababu mama alipoteza maneno kabla ya kupoteza fahamu, na yapo mambo tuliyobaki kuyakisia.

Kifungua Mimba
Asanteni mno. Leo, siku ya tatu ya deksamethasoni, amefunga vifungo vyake sawasawa. Jioni hii nitakaa naye nimuulize.