Tumeuziwa Chichén Itzá tukapelekwa dukani. Mnaopanga ziara ya siku moja kutoka Cancún someni kwanza

Wakuu salaam. Ni wiki ya pili tangu turudi Houston na bado kila nikikumbuka nachemka, kwa hiyo mnivumilie, uzi ni mrefu. Najua humu wengi mko Marekani na siku hizi Cancún watu wanaenda sana, kutoka huku ni kama masaa mawili na kitu kwa ndege, na mtu mwenye viza halali ya Marekani Mexico wanamruhusu kuingia bila kuomba ya kwao. Ndio maana nikaona nimpeleke mama.

Mama amekuja kututembelea kutoka Tanga. Ni mwalimu mstaafu wa jiografia, miaka na miaka alikuwa anapeleka wanafunzi mapango ya Amboni anawaonyesha maji yanavyokula mawe ya chokaa. Sasa huyu mama ukimwambia kuna sehemu kama kaskazini ya Yucatán huko Mexico, ardhi yote chokaa, huoni mto juu, maji yanapita chini kwa chini, na pale dari la pango lilipoporomoka ndio linabaki shimo la maji, Wamaya, wenyeji wa asili wa huko, wakaliita ts'onot na Wahispania wakalitamka cenote, mwenzenu hana habari tena na bichi wala hoteli. Alitaka kitu kimoja tu, asimame ukingoni mwa ile Cenote Takatifu ya Chichén Itzá, magofu ya mji wa kale wa Wamaya, ambayo watu wa kale walikuwa wanatupia sadaka zao, dhahabu, jade, mpaka binadamu. Alikuwa kaisoma kabla hata hatujakata tiketi.

Tangazo lilisema hivi, nina skrinshoti: Chichén Itzá, kuogelea kwenye cenote, chakula, mji wa Valladolid, "kila kitu ndani". Dola 65 kila mtu, tuko wanne, mimi, mke wangu, mama na mwanangu wa miaka tisa. Kwenye tangazo kuna picha ya watu wamekaa kwenye ngazi za piramidi, nikaja kugundua baadaye kwamba kupanda ile piramidi kumepigwa marufuku miaka mingi tu. Hapo ndipo nilipaswa kustuka.

Walituchukua saa 12:20 asubuhi. Tukazunguka hoteli mpaka tukachoka, tukashushwa kwenye kituo chao tukavalishwa vibangili vya rangi, tukapangwa upya, basi linaondoka Cancún saa 2:50. Masaa mawili na nusu yameshaondoka na tuko mji uleule. Basi halijachanganya mwendo muongozaji akaanza kutoza hela ya juu, dola 50 kila mtu mzima, keshi, anasema ni kodi ya serikali. Nikamwambia tangazo limesema kila kitu ndani, akanijibu kiingilio sio kitu, ni kodi. Nilipofika pale getini nikasoma ubao mwenyewe. Ukiwa mgeni unakata tiketi mbili, moja ya INAH ambayo ni ya serikali kuu na nyingine ya jimbo la Yucatán, jumla peso mia sita na kitu, kwa rate ya siku ile ni dola thelathini na kitu. Sasa hiyo iliyozidi ni kodi ya nani? Risiti nimeomba mara tatu sijapewa.

Halafu akapitisha karatasi ndani ya basi, andikeni majina yenu na tarehe za kuzaliwa za watoto, hakusema ya nini. Watu tukaandika, tukadhani ni mambo ya bima. Jioni tunarudi anagawa karatasi zenye jina la mtoto kwa maandishi ya Kimaya, kila moja dola 30, na mtoto ameshaishika mkononi anafurahi. Nilimnyang'anya mwanangu karatasi nikairudisha, akalia. Hilo sijamsamehe yule jamaa mpaka leo.

Saa 5:10 basi likasimama. Mama akashika mkoba wake anataka kushuka, akijua tumefika. Ni duka. Duka kubwa kama ghala, kijana mmoja mlangoni anasugua jiwe jeusi la volkano analiinua kwenye jua ling'ae dhahabu, mwingine anaonjesha pombe, mwingine anauza mapambo ya fedha, na mlango wa kwenda cenote uko mwisho kabisa nyuma ya duka na haukufunguliwa mpaka saa 6:30. Saa moja na dakika ishirini, wakuu! Kabla ya hapo muongozaji alikuwa ametuhubiria humo ndani ya basi tusinunue chochote kwa wachuuzi wa kule magofuni, eti vyote feki, vya kweli viko hapa tu.

Mimi kabla sijaja huku nilitembeza wageni Mji Mkongwe Unguja miaka miwili. Kamisheni naijua. Mgeni akinunua, aliyemleta ana chake, na hata sisi tulikuwa tunapitisha wageni dukani siwezi kukataa, lakini ilikuwa dakika kumi, mgeni tunamwambia mapema, na matembezi yenyewe hatuyagusi. Anayekata ziara ya mtu ili ajaze duka la mwenzake kwetu tunamwita papasi na hana heshima kwa mtu yeyote. Na niwaambie, kidani kilekile cha dukani dola 60 nilikikuta kule ndani kwa bibi mmoja aliyekuwa anaongea Kimaya na mjukuu wake, akaniuzia kwa peso mia mbili na akanifungia vizuri kwenye gazeti. Wale wachuuzi ndio wenyeji wa pale, babu zao ndio waliojenga, halafu mtu anawachafulia jina ili yeye apate asilimia zake.

Cenote yenyewe tulipewa dakika ishirini za maji. Ni pazuri, siwezi kusema uongo, unashuka ngazi za mawe baridi inakupanda miguuni, mizizi ya miti inaning'inia kutoka juu mpaka inagusa maji, visamaki vyeusi vinapita katikati ya vidole. Wanakuambia uoge kwanza na usijipake mafuta ya jua ili maji yasichafuke, hilo nakubaliana nalo kabisa, maji yale ndiyo wanayotegemea watu wa huko. Ila laifujaketi aliyopewa mwanangu! Kifungio kimoja kimekatika, wamefunga fundo la kamba, na bado imelowa ya mtu aliyetoka. Nikamwambia mhudumu nibadilishie, akaniambia iko sawa, iko sawa. Haya mashimo sio bwawa la hoteli, hapana sehemu ya kukanyaga, ukiachia ngazi tu chini ni giza. Muongozaji hayupo, yuko juu dukani. Nilimvua mtoto nikamvalisha ya kwangu nikaibana mpaka ikamkaa, mimi nikabaki juu, kwa hiyo sikuogelea na hela nimelipa. Mama hata hakupata nafasi ya kuangalia ule mwamba ulivyokatika, alikuwa kaanza kumuonyesha mjukuu wake matabaka kwa kidole, filimbi ikalia, tokeni.

Chakula nako. Wakati wa kubuku nimeandika mama ni Mwislamu, nguruwe hapana. Bafe ikaja na ile nyama yao nyekundu iliyookwa kwenye majani ya mgomba. Namuuliza muongozaji hii ni nini, ananiambia kuku. Mama keshaweka kwenye sahani. Mdada anayegawa chakula ndiye aliyemwona mama na mtandio wake akamshika mkono akamwambia señora, hapana, akatikisa kichwa. Ilikuwa cochinita, nguruwe. Mungu ambariki yule dada. Mama alikula wali mtupu na tango.

Magofuni tumefika saa 8:40 kwa saa ya Cancún, jua linachoma na watu wamejaa. Na hapa ndipo sikilizeni vizuri. Cancún iko jimbo la Quintana Roo, Chichén Itzá iko Yucatán, na Yucatán iko nyuma saa moja. Ukivuka mpaka simu inajibadilisha yenyewe. Jamaa akatupa maelezo mpaka simu zetu zikasoma 8:20, na nakiri alipopiga makofi mbele ya ngazi na ule mwangwi ukarudi kama sauti ya ndege mimi nywele zilinisimama. Ngazi 91 kila upande, pande nne, ongeza na ile ya juu unapata 365, siku za mwaka. Mama akazihesabu upande mmoja kwa macho, taratibu. Halafu jamaa akasema muda huru, saa 10 kamili kwenye basi, atakayechelewa anaachwa. Hakusema saa 10 ya wapi.

Sisi tukaona tuna saa moja na dakika arobaini. Tukaanza na uwanja wa mpira, ule wenye pete za mawe juu ukutani, mwanangu anauliza walifungaje, tukapita kwenye jukwaa la mafuvu yaliyochongwa, mama miguu inamsumbua tukapumzika kivulini, nikamwambia pole pole mama muda upo. Tukaishika njia ya kwenda Cenote Takatifu, ni kama mita 300 tu kaskazini ya piramidi. Tumefika nusu yake, namuona abiria mwenzetu anakuja mbio kapauka, basi linaondoka! Saa 10 ya jamaa ilikuwa ya Cancún, yaani saa 9 ya pale tuliposimama. Muda huru ulikuwa dakika arobaini.

Mama alisimama. Ile miti ya mbele anaiona, ukingo uko nyuma yake. Akasema "basi mwanangu, turudi, tusiwachelewesheee watu," akageuka. Mtu wa miaka 68 kavuka bahari kwa ajili ya kitu kile, kakikaribia mita mia na hamsini. Tulipoingia kwenye basi jamaa akaangalia saa yake mbele ya watu wote akatikisa kichwa.

Valladolid? Basi lilizunguka uwanja wa kati, tukapewa dakika kumi na tano za choo na aiskrimu. Tumefika hotelini saa 3:45 usiku.

Nimeandikia kampuni barua pepe nne. Wanajibu masharti yapo mtandaoni na kwamba "maeneo yote yaliyotajwa yametembelewa". Benki nimeshafungua madai ya kadi nikaambatanisha skrinshoti na picha ya ile laifujaketi, na nataka nipeleke na PROFECO, wale wanaoshughulikia walaji kule Mexico. Kama kuna aliyewahi kulalamika kwao akiwa nje ya nchi naomba aniambie alitumia njia gani.

Mama anaondoka mwisho wa mwezi ujao na nimeamua namrudisha kabla hajaondoka, safari hii bila basi la mtu. Nilivyopanga ni kuchukua basi la kawaida la abiria la kampuni ya ADO mpaka Valladolid, tulale hapohapo, asubuhi twende Chichén Itzá ambayo ni kilomita kama 45, geti likifunguliwa saa 2 tuwe pale kabla mabasi ya Cancún hayajafika, tuanze na Cenote Takatifu moja kwa moja. Kuogelea kuna Cenote Zací mjini Valladolid kwenyewe. Aliyewahi kulala pale na mtu mzima anayeumwa magoti, ngazi za Zací zikoje, na teksi ya kwenda magofuni mlielewana shilingi ngapi?