Kanga kama ishara ya hamu na uhuru kwenye mchoro: niiwekeje?

BrashiNene: Habari wakuu. Nachora picha ya mita 1.5 kwa 2 yenye sura ya ndoto: mwanamke wa Unguja siku za kukomeshwa utumwa. Wazo langu ni kwamba anavua kanga na kuitupa baharini, maana ameshakuwa huru. Kwenye kanga nataka jina, yaani msemo ulioandikwa, la hamu, "Japo sipati tamaa sikati". Je, mtu wa pwani ataelewa? Na jina likae wapi?

Mkunguni: Ishara ya uhuru umeipindua, mkuu. Mtumwa alivaa merikani, ile pamba isiyotiwa rangi iliyoletwa kutoka Marekani, au kaniki, iliyotiwa nili ikakolea. Tena hakuruhusiwa kujifunika kichwa mbele ya waungwana. Baada ya amri ya 1897 ya kukomesha utumwa, wanawake waliotoka utumwani waliiacha kaniki wakachukua kanga za rangi, na kipande cha pili cha doti kikapanda kichwani. Kwa mwanamke yule, kujifunika ndiko kulikuwa uhuru. Ukimchora anatupa kanga, wa pwani ataona mtu aliyevuliwa heshima. Atupe kaniki. Na kama ni suria, kumbuka amri ile haikuwagusa masuria hadi 1909.

DotiMoja: Naongezea upande wa nguo. Kanga moja ni kama sentimita 150 kwa 110: pindo pande zote nne, mji katikati, na jina ndani ya mji karibu na pindo la chini, likifuata upande mrefu. Wachoraji hukosea kwa kuliweka kifuani ili mtazamaji alione. Kiunoni kanga hufungwa mbele, kwa hiyo jina hukaa nyuma, usawa wa makalio, na mlengwa hulisoma mvaaji akishampita. Hapo ndipo hamu inaposemwa bila kufungua mdomo. Mchore kwa nyuma, uso umegeuka kidogo.

Usichore mikunjo kwa kubuni tu. Chukua kanga halisi, mfunge mtu, uone herufi zipi zinamezwa. Kama "TAMAA" imezama kwenye mkunjo, sogeza fundo, usisogeze maandishi. Na usichague kisutu (nyekundu, nyeusi na nyeupe), maana hiyo ni ya bi harusi na kwa desturi haina jina.

BrashiNene: Shukrani. Lakini 1897 kanga zilikuwa na majina?

DotiMoja: Hapana. Majina yaliingia mwanzoni mwa karne ya 20, kwanza kwa herufi za Kiarabu, za Kirumi zikafuata. Ukitaka historia kamili, acha mji bila maandishi.

Mkunguni: Mimi ningelibakiza jina, kwa sababu ndotoni nyakati mbili zinaweza kukutana. Ila vunja kanuni hiyo moja tu, mengine yote yawe sahihi mpaka uzi wa mwisho. Ukivunja tano, hakuna atakayejua ipi ni ndoto na ipi ni kosa la mchoraji. Kaniki ielee majini ikiwa bado imeshika umbo la mwili uliokuwa ndani yake. Rangi yake ichanganye kwa nili na kahawia kidogo. Nyeusi tupu itasomeka kama vazi la buibui, na hapo picha yako itasema habari nyingine kabisa.