José anakuwaje Zé? Majina ya mapenzi katika Kireno

Mwanagenzi: Wanajukwaa, ninajifunza Kireno na nimekwama kwenye majina. Mwalimu wetu José huitwa Zé na kila mtu, rafiki yake Francisco huitwa Chico, na dada yake Maria José huitwa Zezé. Je, kuna kanuni yoyote, au kila jina hukaririwa peke yake?

Mkazo: Kanuni ipo, ingawa haifiki kila mahali. Kireno hakiuweki mkazo daima kwenye silabi ya pili kutoka mwisho kama tulivyozoea sisi, na jina linapokatwa, mara nyingi kinachosalia ni silabi yenye mkazo pamoja na kinachoifuata. Ndiyo maana José huwa Zé, António huwa Tó, Fernando huwa Nando, Sebastião huwa Tião na Gabriel huwa Biel. Majina mawili nayo huweza kuunganishwa, kama Maria Luísa anayekuwa Malu. Chico, kwa bahati mbaya, utamkariri tu.

Msomaji wa Kale: Ndugu Mkazo amesahau viambishi -inho na -inha, ambavyo kwangu ndivyo vyenye utamu zaidi: Ana huwa Aninha, João huwa Joãozinho, na Carlos huwa Carlinhos, ile s ikirudi mwishoni kana kwamba haikuguswa. Kiambishi hicho hudekeza, lakini pia hutenganisha watu. Katika Olimpiki ya Atlanta mwaka 1996, mshambuliaji wa Brazil, Ronaldo, alivaa jezi yenye jina Ronaldinho kwa kuwa kikosini mlikuwa na Ronaldo mwingine aliyemzidi umri. Baadaye alipotokea kijana Ronaldo de Assis Moreira kutoka jimbo la Rio Grande do Sul, huyo naye akaitwa Ronaldinho Gaúcho, yaani Ronaldinho wa jimbo hilo. Hata siasa haikusalimika, kwani Lula, jina la mapenzi la Luiz, liliingizwa rasmi katika jina la mwanasiasa wa Brazil Luiz Inácio da Silva mwaka 1982.

Bibi Kamusi: Mwanagenzi, usikimbilie kumwita mtu mzima Zé kabla hajakukaribisha, "senhor José" ni salama zaidi. Jina hilo limezoeleka mno hata likawa alama ya mtu wa kawaida: Zé Povinho, mhusika aliyechorwa na Rafael Bordalo Pinheiro mwaka 1875, ndiye mwananchi wa Ureno mwenyewe, na "zé-ninguém" ni mtu asiye na cheo wala mali. Jihadhari pia na neno "apelido". Nchini Brazil lina maana ya jina la utani, ilhali nchini Ureno ni jina la ukoo, na jina la utani huko huitwa "alcunha".

Mwanagenzi: Nawashukuru nyote. Bibi Kamusi, fomu niliyoipeleka Lisbon wiki iliyopita ilikuwa na nafasi ya "apelido", nami nikaandika jina ambalo marafiki zangu huniitia. Itanibidi niijaze upya.